Tarehe ya Fundi Jumamosi

Ukiniuliza ni jirani yangu gani ambaye neno lake halina uzito hata wa uzi, sitajikuna kichwa. Nitamwonyesha kwa kidole, maana anakaa mkono wangu wa kulia. Mimi ni fundi viatu, yeye ni fundi cherehani, na tunagawana kibaraza kimoja mbele ya nyumba moja kuukuu, yeye na cherehani yake upande wa mlango, mimi na masanduku yangu ya soli upande wa mfereji. Mtaa mzima unamwita Fundi Jumamosi. Jina alilopewa na wazazi wake lipo, ila ukilitaja hapa utaambiwa mtu huyo amehama.

Jina hilo analitolea jasho kila siku. Mteja akileta kitambaa, Fundi humpima kwa makini, husifu rangi, huuliza habari za watoto, na akiulizwa nguo itakuwa tayari lini, hujibu bila kupepesa macho, "Njoo Jumamosi." Hasemi Jumamosi ipi. Siku ikifika, mteja anakuta kitambaa chake kimekunjwa vilevile alivyokileta, na Fundi anamwonyesha kola ya shati la mtu mwingine na kumwambia, "Si unaona, nimeshaanza." Mteja anaondoka ameridhika nusu. Nimeyaona hayo mara nyingi mpaka nimeacha kucheka. Mimi mwenyewe ana suruali yangu, na habari za suruali hiyo tusiziguse leo, maana nina shinikizo la damu.

Lakini si mwongo wa roho. Hilo lazima niliseme, ingawa linanikera kulisema. Fundi hawezi kuvumilia kuona uso wa mtu unakunjamana, basi. Ukimuuliza jambo, haangalii ukweli uko wapi. Anaangalia uso wako unataka kusikia nini, halafu anakupa hicho hicho. Kwa mambo ya nguo, hasara yake ni wewe kwenda kwenye sherehe na shati la zamani. Hatukujua kwamba tabia hiyo ingekuja kukaribia kumfungia mlango binti yake mwenyewe.

Binti huyo ni mwanawe wa pekee, na mimi ndiye niliyempa jina la Nesi. Tangu akiwa mdogo, kila nilipojipiga nyundo kidoleni, na mimi najipiga sana, alikuwa anakimbia kwa baba yake, anaokota kipande cha kitambaa cha mteja na kunifunga. Nimewahi kufungwa kidole kwa hariri. Alipomaliza kidato cha nne alifaulu vizuri, akaitwa kwenye usaili wa chuo cha uuguzi, akapata nafasi ya kusomeshwa bure, malazi na chakula humo humo. Sharti la nafasi hiyo lilikuwa moja tu: mwanafunzi awe hajatimiza miaka kumi na nane siku chuo kinapofunguliwa. Nesi alikuwa na kumi na saba. Siku barua ilipofika, Fundi alifunika cherehani mapema na kukaa tu akipokea pongezi, jambo ambalo wateja wake hawakuona tofauti yake na siku nyingine.

Furaha hiyo haikumaliza wiki. Chuo kilitaka kumbukumbu za mwanafunzi zitoke shuleni kwake moja kwa moja, zifike kabla ya Ijumaa kwisha. Nesi akaenda shuleni kufuatilia. Akarudi Jumanne mchana na sura iliyonifanya niweke nyundo chini.

"Baba," akasema, "hivi mimi nilizaliwa mwaka gani?"

Fundi akaacha kukanyaga cherehani. Akamtajia siku, mwezi na mwaka, vizuri kabisa.

"Sasa mbona rejista ya shule inasema nilizaliwa miaka miwili kabla ya hapo? Wameniambia nina miaka kumi na tisa. Wameniambia nafasi hiyo si yangu."

Ikabidi Fundi aeleze, na alieleza huku akiangalia mkasi, si mtoto.

Ilikuwa siku ya kuandikisha watoto darasa la kwanza. Foleni ndefu, mwalimu kwenye meza nje amechoka. Fundi alipofika mbele akasikia madarasa yamejaa. Mwaka huu wanachukuliwa waliochelewa, wale wakubwa wakubwa, wadogo warudi mwakani. Akamtazama mtoto. Mtoto alikuwa ameshavaa sare, tena sare aliyoshonewa na baba yake, na ndiyo nguo pekee katika maisha ya cherehani ile iliyowahi kukamilika kabla ya siku yake. Mwalimu akauliza, "Huyu amezaliwa lini?" Fundi akautazama uso wa mwalimu, akaona jibu linalotakiwa, akalitoa.

"Mwalimu hakushangaa?" nikauliza. "Mtoto mwenyewe alikuwa hafiki hata mezani."

"Alishangaa. Nikamwambia amechukua mwili wa bibi yake."

Ikaandikwa hivyo. Na tarehe ikishaandikwa mahali pamoja, huhama na mtoto kutoka darasa hadi darasa, kutoka shule hadi shule, na hakuna anayeuliza imetoka wapi.

Mkewe alikuwa ameshatoka ndani, amesimama mlangoni mikono kiunoni. Kadi ya kliniki ilikwenda na maji mwaka ule chumba chao cha zamani kilipofurika. Zahanati yenyewe aliyojifungulia ilifungwa kitambo. Jengo lake sasa ni stoo ya saruji. Nikauliza habari za cheti cha kuzaliwa.

"Shemeji," mkewe akaniambia, "tangu mtoto hajaota jino namwambia huyu mwanamume akachukue cheti. Unajua alikuwa ananijibu nini?"

Nikamwambia asijisumbue kunitajia.

Shuleni hawakufunga mlango kabisa. Makamu mkuu wa shule, anayeshughulikia kumbukumbu, alimpa Nesi masharti: alete hati ya kiapo ya mzazi, na aje shahidi asiye ndugu, anayeijua siku aliyozaliwa mtoto na anayeweza kueleza ameijuaje. Vikipatikana hivyo kabla ya Ijumaa mchana, tarehe itarekebishwa na chuo kitapelekewa. Visipopatikana, jina lake litaondolewa na nafasi atapewa mwingine.

Kiapo kilipatikana Jumatano, ingawa kwa jasho. Karani wa mahakama alimwambia Fundi ainue mkono, akamuuliza kama anaapa kwamba ayasemayo ni kweli tupu. Fundi akasema anaapa. Karani akamtazama kwa muda mrefu, kisha akauliza, "Na koti langu?" Fundi akaanza kufungua mdomo, na Nesi, aliyekuwa pembeni, akamwahi: "Baba, umeapa." Nasikia aliufunga mdomo huo. Karani akagonga muhuri.

Shahidi ndiye aliyetutoa roho. Tulianza na kinyozi wa ng'ambo ya barabara. Alimkumbuka mtoto alipozaliwa, tena sana.

"Ulikuwa mwaka ule wa shati langu la mistari," akasema.

"Mwaka gani huo?" nikamuuliza.

"Muulize yeye. Bado analo."

Muuza vyombo akasema ulikuwa mwaka wa mapazia yake. Mama wa genge akasema hapana, mapazia yalikuja baadaye, mtoto alizaliwa mwaka wa blauzi yake ya kola. Hapo ndipo nilipogundua kwamba mtaa mzima una historia yake, na imepangwa vizuri, ila imepangwa kwa nguo ambazo hazikushonwa. Hakuna aliyeweza kutaja siku, wala mwezi. Na hata aliyekuwa na fununu ya mwaka hakutaka kuweka sahihi. "Mimi nikaape kwa tarehe ya Fundi Jumamosi?" kinyozi akasema. "Nitachekwa mpaka na wembe wangu." Mimi ningeweka sahihi kwa mikono miwili, lakini nilihamia kibaraza hiki mtoto akiwa ameshaanza kutembea na kuniibia misumari.

Alhamisi jioni Nesi alikaa kwenye ngazi, barua ya chuo magotini. Hakulia wala hakumlaumu baba yake, na hilo ndilo lililokuwa baya. Fundi aliingiza uzi kwenye sindano, akautoa, akauingiza tena. Nilimkasirikia mtu yule siku hiyo kuliko siku zote za suruali. Nilitaka kumwambia kitu kikali, nikakitafuta, nikaona uso wake, nikakiacha.

Mkewe akatoka ndani.

"Yuko mtu mmoja anayeijua siku hiyo hata ukimwamsha usingizini," akamwambia. "Nawe unamjua. Na huna haja ya kumtafuta mbali, anakaa palepale ofisini."

Fundi akatia pini mdomoni. Hiyo ndiyo njia yake ya kusema hataki kuzungumza.

Kisa hicho kila mtu anakijua, nami nilikikuta. Mwaka aliozaliwa Nesi, mwalimu mmoja wa kike alimletea Fundi kitambaa cha gauni lake la harusi. Harusi ilikuwa Jumamosi. Jumamosi ikafika, gauni halikufika. Bi harusi akaolewa na gauni la dada yake mkubwa, mwanamke mnene wa mabega, likabanwa mgongoni kwa pini, na picha zote akapigwa kwa mbele. Fundi alipotokea jioni akihema, akisema mkewe amejifungua, bi harusi alimwambia mbele ya wageni kwamba mke wa kila fundi hujifungua siku ya harusi ya watu, na kwamba yeye anazo habari kamili: alikuwa amelala. Watu wakavunjika mbavu. Palepale akambandika jina la Fundi Jumamosi, na jina likamganda. Yeye akahama na mume wake. Mwaka huu serikali ikamrudisha, na ndiye makamu mkuu wa shule. Tangu arudi, Fundi alikuwa anapita uchochoro wa nyuma kwenda kununua uzi.

"Afadhali niende kumwambia simba," Fundi akasema alipotoa pini.

"Simba hajakuletea kitambaa," nikamwambia. "Kesho asubuhi tunakwenda."

Nilifunga masanduku yangu Ijumaa nikasema namsindikiza. Ukweli ni kwamba nisingekosa kwenda hata kwa kulipwa.

Ofisi ilikuwa chumba chembamba, meza moja, makabati ya chuma yasiyofunga vizuri, boksi la chaki juu ya dirisha, na kikombe cha ushindi wa mbio kilichogeuzwa cha kuwekea kalamu. Mimi humsoma mtu kuanzia chini. Viatu vya Makamu vilikuwa safi, vimepigwa rangi, ila kisigino cha kulia kimelika upande wa nje. Mtu wa kusimama sana kwa mguu mmoja, mtu wa kungoja. Juu ya hapo alikuwa mwanamke mnadhifu, miwani puani, na nguo iliyoshonwa na fundi ambaye hakika si wa mtaa wetu. Tukasalimiana. Akatuonyesha benchi, akaisoma hati ya kiapo taratibu, akaiweka pembeni.

"Kiapo sawa," akasema. "Shahidi ni huyu?"

"Hapana, Mwalimu," Fundi akajibu. "Huyu ni fundi viatu."

"Basi shahidi yuko wapi? Au nije Jumamosi?"

Nikaangalia soli zangu ili nisicheke. Nesi hakucheka. Alikuwa amekaa wima, ameshika mikono yake miwili pamoja.

"Shahidi wangu ni wewe, Mwalimu," Fundi akasema.

Makamu akaegemea kiti. Alimtazama Fundi kwa jicho ambalo nadhani alilihifadhi kwa kazi hiyo.

"Mimi ninajua tarehe ya harusi yangu," akasema. "Habari za mkeo kujifungua siku hiyo nilizisikia kwako. Nikiandika hapa kwamba mtoto huyu alizaliwa siku hiyo, nitakuwa naandika nilichoambiwa na wewe. Mimi nakumbuka ulikuwa umelala."

Sasa, mimi nimekaa na Fundi kibaraza kimoja miaka mingi. Ninajua anavyofanya. Nilimwona akiinua macho na kuusoma uso wa Makamu, kama alivyousoma wa wateja wote, na hata mimi ambaye si msomaji wa nyuso niliona kilichoandikwa pale. Mwanamke yule alitaka kusikia neno moja tu, kwamba ndiyo, nililala, nisamehe. Fundi alikuwa ameshalisema neno hilo mara ngapi mtaani, kwa kucheka, ili mambo yaishe! Nikakaza meno.

"Sikulala, Mwalimu," Fundi akasema.

Sauti yake ilikuwa ndogo.

"Miaka yote hii nimekubali kwamba nililala, maana ulikuwa na hasira, na haki ulikuwa nayo, na mimi gauni sikuwa nalo mkononi. Watu wakicheka, nami nacheka nao. Leo siwezi. Nikikubali kwamba nililala, mwanangu anakosa chuo. Nilikuwa zahanati tangu usiku. Gauni nilikwenda nalo. Nilikuwa nimebakiza pindo."

Nilisubiri Makamu amfukuze. Akavua miwani, akaifuta kwa ncha ya mtandio, akaikagua, akaifuta tena.

"Najua," akasema.

Fundi akanitazama, nami nikamtazama. Kati yetu hakuna aliyeelewa.

"Asubuhi ile nilikuwa napelekwa saluni," Makamu akasema. "Tukapita mbele ya zahanati, nikakuona kwa dirisha la gari, umekaa kwenye benchi la nje. Nikamwambia dereva asimame. Niliteremka nikiwa nimejiandaa kukutukana. Nikafika nyuma yako. Ulikuwa na gauni langu magotini, unashona pindo. Sijafungua mdomo, mkunga akatoka na mtoto. Nawe ukaliweka gauni chini. Si kwenye benchi. Chini, sakafuni. Gauni jeupe. Ukampokea mtoto."

"Ulikuwepo?" Fundi akauliza.

"Nilikuwepo. Nikageuka, nikarudi kwenye gari."

"Na ukaenda kusema nililala."

"Nikaenda kusema ulilala." Makamu alivaa miwani yake. "Ningesema mke wake anajifungua, watu wote wangekuhurumia wewe. Wangekupelekea na zawadi. Na mimi siku ile nilikuwa na pini nane mgongoni, nilitaka kuhurumiwa mimi. Baadaye nikaona ni mzaha tu, utakwisha. Nikarudi hapa mwaka huu, nikakuta mpaka watoto wa shule wanakuita hivyo."

Damu ilinipanda. Nilifungua mdomo nimuulize, kwa heshima lakini si nyingi sana, kwa nini basi alimwacha mtoto wa watu ahangaike siku tatu nzima na jibu liko kwenye meza yake. Fundi akanikanyaga mguu. Alinikanyaga kwa nguvu za mtu aliyekanyaga cherehani maisha yake yote, na hoja yangu ikaishia hapo.

"Nilitaka uje mwenyewe," Makamu akamwambia, kama aliyenisikia. "Nilifikiri utamtuma mtu."

"Nilitaka kumtuma mtu," Fundi akasema.

Hapo Nesi akacheka. Kilianza kicheko kidogo cha puani, akajaribu kukizuia kwa kiganja, kikamshinda. Makamu akamtazama kwa ukali wa kiofisi, midomo ikamponyoka, naye akacheka mpaka akavua miwani tena. Fundi alikuwa wa mwisho. Alicheka huku akitikisa kichwa, kicheko cha mtu aliyerudishiwa kitu ambacho hakukumbuka kwamba kilichukuliwa.

Kisha kazi ikafanyika. Makamu akaandika maelezo yake ukurasa mzima: alikuwa wapi, siku gani, aliona nini. Akaingia nayo kwa mkuu wa shule, akatoka na sahihi na muhuri. Akafungua rejista, akapiga mstari wa wino mwekundu juu ya tarehe ya uongo, akaandika ya kweli juu yake na kuweka herufi zake pembeni. Makaratasi yakaingia kwenye bahasha, na dereva wa shule akaondoka nayo kwenda chuoni kabla ya kengele ya mapumziko. Tulisimama dirishani sote wanne kuhakikisha gari limetoka getini. Lilipotoka, Fundi akashusha pumzi ndefu, nami nikamwambia amshukuru Mungu kwamba bahasha haikupitia kwenye cherehani yake.

Tukaaga. Mimi na Fundi tulikuwa tumeshafika mlangoni, lakini Nesi hakutoka. Alikuwa amesimama mbele ya meza, anachezea kishikio cha kikombe cha kalamu.

"Mwalimu," akasema, "nilikuwaje?"

"Ulikuwaje lini?"

"Siku ile. Uliponiona."

Makamu akaacha alichokuwa anaandika. Akafikiri sawasawa, kama mtu anayeulizwa jambo ambalo ataliwekea sahihi.

"Ulikuwa unalia," akasema. "Unalia kwa nguvu zako zote, na uso umekunjamana. Lakini baba yako alikuwa analia kukushinda."

Fundi akainama kutafuta kofia yake chini ya benchi. Alitafuta kwa muda, na hakuna aliyemwambia kwamba ameivaa.